Nakala za Katwe: Muziki Ambao Haukutolewa na Watu Walioutunza

Ukipeleka kipuri kilichovunjika Katwe, fundi hakuulizi kimetoka nchi gani. Hukigeuzageuza mkononi, hukipima kwa jicho, kisha hukuambia urudi jioni. Jioni unakabidhiwa viwili: chako kilichovunjika na kingine kipya kilichochongwa kutokana na chuma chakavu. Watu wa Kampala hutania kwamba hakuna kitu ambacho Katwe haiwezi kukitengeneza, kuanzia jiko la mkaa hadi pasi ya kusafiria. Sifa hiyo ilikomaa miaka ya 1970. Idi Amin alipowafukuza Waasia mwaka 1972, maduka yalifungwa, bidhaa za nje zikaadimika, na mashine zilizoharibika zikawa hazina pa kupelekwa ila kwa mafundi wa mtaa huu.

Naanza na vyuma kwa sababu nimekulia kati ya kelele zake, na kwa sababu nilipoanza kutafuta historia ya muziki wa mtaani kwetu niliikuta imepita njia ileile ya kipuri. Sehemu kubwa ya muziki tulio nao ilitufikia kwa kunakiliwa na watu ambao hawakuombwa kuunakili.

Insha hii inahusu muziki ambao wenyewe hawakuutoa kwa umma, na wapenzi wake walioukusanya na kugawiana. Wenzangu wengi darasani huona kwamba jambo hili lilianza na simu za kisasa: wimbo unavuja kutoka studio, unaingia kwenye kundi la WhatsApp, na kabla jua halijatua Kampala nzima imeusikia. Naomba kuwapinga. Katwe na ujirani wake wamelijua jambo hili kwa miaka sabini na ushei. Simu zimeliongezea kasi, lakini swali lake gumu limebaki palepale: ni nani mwenye haki ya kusema kwamba wimbo huu sasa utoke?

Kwanza neno lenyewe. Tunaposema wimbo "haujatolewa" tunaazima fikra za nchi zenye makampuni makubwa ya santuri. Huko kuna msanii, kuna kampuni, kuna kabati lenye kufuli, na kuna shabiki anayetaka kujua kilichomo kabatini. Mwaka 1969 ilitokea Marekani santuri isiyo na jina la kampuni, yenye nyimbo ambazo Bob Dylan alikuwa amezirekodi bila kuzitoa. Mashabiki waliijua kwa jina la Great White Wonder. Baadhi ya nyimbo hizo zilikuwa za mwaka 1967, na kampuni yake ilikuja kutoa rasmi rekodi za kipindi hicho mwaka 1975. Prince naye aliizuia The Black Album mwaka 1987 ikiwa karibu kabisa kuuzwa. Ikazunguka kwa nakala za magendo hadi ilipotolewa rasmi mwaka 1994. Mara zote mbili mashabiki walishinda, ikiwa kushinda ndilo neno lake.

Uganda haikuwa na kabati la namna hiyo. Katika miaka ya 1960 wanamuziki wetu waliotaka kusikika kwenye santuri mara nyingi walikwenda Nairobi. Mganda Charles Sonko alikuwa mmoja wa waliopiga katika bendi ya studio ya Equator huko. Kwa hiyo muziki wetu ulifungiwa mahali pengine: ndani ya ua wa ikulu, ndani ya kanda za watafiti, ndani ya redio ya serikali, na leo ndani ya kompyuta za studio ndogondogo zilizopangwa juu ya maduka.

Tuanze na ua. Katwe iko chini ya kilima cha Mengo, jirani na Lubiri, ikulu ya Kabaka wa Buganda. Wakati wa ukoloni haikuwa chini ya utawala wa mji wa Kampala waliouendesha Waingereza. Ilikuwa katika Kibuga, mji wa Kabaka. Ndiyo maana magazeti ya Kiganda yaliyoikera serikali ya kikoloni katika miaka ya 1940 na 1950 yalipata mitambo ya kuchapia hapa, na wanasiasa wakapata pa kukutania. Katwe ilizoea kutoa kile ambacho wakubwa hawakutaka kitoke.

Ndani ya Lubiri walikuwamo wanamuziki wa Kabaka: wapiga filimbi, wapuliza baragumu za vibuyu ziitwazo amakondere, mpiga kinubi cha ennanga, wapigaji wa marimba kubwa ya akadinda, na wapigaji wa entenga. Hawa wa mwisho ndio ninaowahitaji. Entenga ni seti ya ngoma 15. Kumi na mbili kati yake zimewambwa kwa sauti tofauti, ndogo hadi kubwa, hata zikaweza kuimba tuni kama marimba; hizo hupigwa na watu wanne kwa fimbo nyembamba. Tatu zilizobaki hupigwa na watu wawili. Jumla ni watu sita wanaopaswa kuingiliana mapigo bila kukosana hata mara moja, kwani tuni inayosikika haipo mkononi mwa yeyote kati yao. Huzaliwa kati yao. Ngoma hizo hazikupigwa arusini wala sokoni. Zilikuwa za ikulu peke yake. Jirani wa ukuta angeweza kubahatika kuzisikia, lakini hakuwa na ruhusa ya kuwa nazo.

Hata hivyo tuni zenyewe zilitoka. Muziki wa entenga unaweza kupigwa kwenye amadinda, marimba ya mbao 12, na amadinda haikufungiwa ikulu. Evaristo Muyinda, mwanamuziki wa ikulu, alipiga na kufundisha tuni hizo nje ya ua. Alifanya kazi katika Makumbusho ya Uganda akiwaonyesha wageni ala za nchi, na Gerhard Kubik, mtafiti kutoka Austria, alikuwa mwanafunzi wake kuanzia mwaka 1959. Sijui kama tumwite Muyinda mvujishaji. Nadhani tukitumia kipimo tunachowapimia vijana wa leo, jina hilo lingemfaa. Na tukilitumia, itabidi tukiri kwamba tusingekuwa na somo la muziki wa Kiganda bila mvujishaji huyo.

Kufuli la pili lilikuwa kanda. Klaus Wachsmann alikuwa Mjerumani wa asili ya Kiyahudi aliyeihama nchi yake iliyotawaliwa na Wanazi akafika Uganda miaka ya 1930. Kuanzia 1948 hadi 1957 alisimamia Makumbusho ya Uganda, na kati ya 1949 na 1954 alizunguka nchi akirekodi muziki wa makabila mbalimbali: kiasi cha rekodi 1,500. Wakati huohuo Hugh Tracey, Mwingereza aliyeishi Afrika Kusini, alipita hapa mwaka 1950 na 1952 akawarekodi wanamuziki wa Kabaka pale Mengo. Tracey alitaka muziki utoke. Alitengeneza mfululizo mkubwa wa santuri kwa ajili ya vyuo na maktaba. Kanda za Wachsmann zilibaki kuwa kanda. Nakala zikawekwa London, katika hifadhi ya sauti ambayo baadaye ilikuwa sehemu ya Maktaba ya Uingereza, na huko zikakaa rafuni. Hakuna mtu wa Katwe aliyeweza kuzinunua, maana hazikuuzwa popote.

Kisha ikaja tarehe 24 Mei 1966. Jeshi la Milton Obote, likiongozwa na Amin, liliishambulia Lubiri. Kabaka Mutesa II alitoroka kwa kuruka ukuta, akaishia London, akafia huko mwaka 1969. Nyanya yangu, aliyekuwa msichana Katwe wakati huo, hasimulii mengi kuhusu siku hiyo. Hutaja moshi, na mvua kubwa iliyonyesha. Ala za ikulu ziliharibiwa, wapigaji wakatawanyika vijijini, na mwaka 1967 katiba mpya ikafuta falme zote. Lubiri ikageuzwa kambi ya jeshi. Ufalme haukurudi hadi mwaka 1993.

Hapa ndipo historia inapogeuka kichwa chini. Ngoma zilizofungiwa ndani ya ua ili zisiguswe ziliharibiwa ndani ya ua huohuo. Nakala iliyochukuliwa na mgeni, ikafungiwa mbali bila kutolewa, ikasalimika. Mwenye kulinda akapoteza, na mwenye kunakili akabaki nacho. Ningependa kusema kwamba jambo hilo linamaliza ubishi wote kuhusu haki ya kunakili, lakini halimalizi, na nitaeleza kwa nini.

Kufuli la tatu ninalijua kupitia mjomba wangu. Ana sanduku la bati lililojaa kaseti, na nilipokuwa mtoto sikuruhusiwa kuligusa. Ndani yake mna kadongo kamu, yaani "kigitaa kimoja", muziki wa msimulizi na gitaa lake ambao Waganda huusikiliza kama watu wengine wanavyosikiliza hadithi. Humo mna Christopher Ssebadduka, anayeheshimiwa kama baba wa mtindo huo; mna Herman Basudde, aliyefariki mwaka 1997; mna Paul Kafeero, aliyefariki mwaka 2007. Nyingine mjomba alizinunua. Zile anazozipenda zaidi alizinasa mwenyewe kutoka Redio Uganda, maana redio ilikuwa na studio zake, na wanamuziki walirekodi humo nyimbo za kurushwa hewani ambazo hazikupata kuuzwa dukani. Wimbo ulipita hewani jioni moja, na usipounasa jioni hiyo, ulisubiri mpaka mtangazaji aukumbuke tena.

Alinieleza jinsi walivyofanya. Ulikaa karibu na redio kaseti, vidole viwili vikiwa juu ya vitufe vya kurekodia, ukimwomba Mungu mtangazaji anyamaze mapema. Hakunyamaza kamwe mapema. Ndiyo maana karibu kila wimbo sandukuni huanza na sauti ya mtu akimsalimu shangazi yake wa Masaka. Kaseti ya dakika 60 ilikuwa na nusu saa kila upande, na nyimbo za kadongo kamu ni ndefu, kwa hiyo msimulizi alikatwa mara nyingi mume akiwa bado mlangoni na mke hajafungua. Ukitaka kuilinda kaseti isifutwe, ulivunja vijino viwili vya plastiki mgongoni mwake. Ukibadili nia, uliziba matundu kwa karatasi. Utepe ukilegea, uliuzungusha kwa kalamu ya Bic. Kisha ulikuja mtindo wa redio za deki mbili, na hapo ndipo wapenzi wa muziki wa Katwe walipokuwa jamii: nipe Basudde nikupe Ssebadduka. Mjomba alikuwa na sharti moja. Aliyeazima kaseti aliirudisha pamoja na nyingine yenye kitu ambacho mjomba hana.

Jambo moja la mjomba linanivutia kama mwanafunzi wa historia. Kwenye kila jalada aliandika kwa wino tarehe aliyonasa, jina la mwimbaji, na kama aliipata kwa mtu, jina la mtu huyo. Hakuwa amesomea hifadhi ya nyaraka. Alitaka tu kujua wa kumlaumu kaseti ikiwa mbovu. Lakini kwa sababu ya ugomvi wake huo, leo naweza kufuata wimbo mmoja kutoka hewani hadi nyumba tatu za Katwe na moja ya Ndeeba.

Sasa linganisha na simu yangu. Wimbo uliotumwa kwa WhatsApp mara nyingi huhifadhiwa kwenye simu za Android kwa jina kama AUD-20190412-WA0007. Tarehe iliyomo humo ni ya siku faili lilipoingia kwenye simu, wala si ya siku mtu alipoimba. Jina la mwimbaji halipo, wala la mpiga gitaa, wala la aliyetuma kwanza. Ukiutuma mbele, unapata jina jipya na tarehe mpya, kama mtoto anayebatizwa upya kila nyumba anayolala. Nimewahi kuwaona watu wakibishana usiku kucha katika kundi moja kuhusu ni nani aliyeimba wimbo fulani, na kila mmoja akitoa ushahidi wa tarehe ya faili lake! Wanahistoria watakaokuja baada yetu watakuwa na sauti nyingi kuliko sisi na majina machache kuliko sisi.

Katikati ya kaseti na WhatsApp kulikuwa na vibanda, na vingine vipo hadi leo. Kijana hukaa na kompyuta, spika moja imegeuzwa barabarani, na orodha ya nyimbo imejaa skrini. Unampa flashi au memori kadi, unasema unataka nini, naye anapakia kwa bei ya idadi. Binamu yangu alifanya kazi hiyo miaka miwili. Ananiambia wateja wazuri hawakuomba wimbo unaopigwa redioni, waliuliza, "Kuna nini ambacho hakijatoka?" Na mara nyingi kilikuwapo. Fundi wa studio alikuja kupakia filamu zilizotafsiriwa na ma-VJ, hana pesa, akalipa kwa wimbo. Kwa njia hiyo kazi mbichi ilishuka ngazi kutoka studio hadi barabarani kabla mwenyewe hajaimaliza.

Serikali nayo ilisaidia kuviweka vibanda hai bila kukusudia. Kuanzia Julai 2018 kila aliyetaka kutumia WhatsApp au Facebook alitakiwa kulipa kodi ya shilingi 200 kwa siku. Wengine walikwepa kwa programu za VPN, wengine walirudi kwenye njia za zamani: Bluetooth, Xender, kadi mkononi. Wakati wa uchaguzi wa Januari 2021 intaneti ilizimwa kabisa kwa siku kadhaa, na nakumbuka Katwe ilikuwa kimya upande wa ujumbe lakini si upande wa muziki. Nyimbo ziliendelea kupita, simu kwa simu, watu wakiwa wamekaa bega kwa bega kama enzi za deki mbili.

Je, huu ni wizi? Sheria yetu ya Hakimiliki ya mwaka 2006 haina utata: mtunzi ndiye mwenye haki ya kuchapisha na kusambaza kazi yake, na haki hiyo hudumu maisha yake yote na miaka 50 baada ya kifo chake. Lakini ukiishi Kampala unajua kwamba mwimbaji wa kawaida hapati riziki yake kwa kuuza nyimbo. Hupata kwa maonyesho. Wimbo wenyewe hugawa bure, kwa ma-DJ, kwa vibanda, kwa yeyote mwenye spika. Wapo hata wanaovujisha makusudi kisha wakalalamika, ili watu waseme. Kwa hiyo tofauti kati ya wimbo uliotolewa na wimbo ulioibwa huwa nyembamba sana hapa: zote mbili ni bure, zote mbili ziko kwenye flashi ileile. Kilichobaki kwa mwimbaji ni mambo mawili tu, kuchagua siku na kuchagua ni toleo lipi litakalosikika. Watu hudhani ni mambo madogo. Mimi pia nilidhani hivyo.

Kulikuwa na kijana jirani yetu, nisimtaje jina, aliyekuwa akiimba. Mwaka wa kwanza nikiwa chuo alirekodi wimbo katika studio ndogo, akaacha sehemu bila maneno. Mahali ambapo ubeti wa pili haujapatikana alijaza kwa mguno, kama waimbaji wote wanavyofanya wanapotafuta njia. Faili likatoka, sijui kwa mkono wa nani. Lilinifikia kwenye kundi, likiwa na maneno "usisambaze" juu yake na alama ya kuonyesha kwamba limesambazwa mara nyingi. Nikalisambaza. Watu walicheka ule mguno. Wakaanza kumsalimia nao barabarani, watoto wakamwita kwa mguno huo, na miezi michache baadaye tuni yake ilisikika katika wimbo wa mtu mwingine ambaye alikuwa na pesa za kumaliza beti zote. Hakuurudia tena wimbo ule. Alisema hauna faida, umeshazeeka kabla ya kuzaliwa.

Mwaka 2022 alifariki katika ajali ya bodaboda. Studio ilikuwa imehama na kompyuta yake imeuzwa. Hakuwa ametoa wimbo wowote. Sauti yake iliyobaki duniani, kwa ninavyojua, ni faili lile lililovuja.

Nimejaribu kuuweka mfano huo karibu na ule wa entenga, na sioni kwamba mmoja unafuta mwingine. Nakala isiyo na ruhusa iliokoa muziki wa ikulu. Nakala isiyo na ruhusa ilimwaibisha jirani yangu alipokuwa hai, kisha ikamhifadhi alipokufa. Aina ileile ya tendo, na pengine mioyo ileile: watu wanaopenda muziki kiasi cha kushindwa kusubiri. Alipofariki Mowzey Radio wa Goodlyfe, aliyekuwa akiishi Makindye jirani na sisi, tarehe 1 Februari 2018, nyimbo alizoziacha bila kuzitoa ziliendelea kujitokeza, na wapenzi wake walizipokea kwa machozi. Sikumsikia hata mmoja akiuliza kama angependa zitoke zikiwa hivyo. Nami sikuuliza.

Watafiti wamelihangaikia swali hili kuliko mashabiki. Mwaka 2009 nakala za kidijitali za rekodi za Wachsmann zilirudishwa Uganda, zikawekwa Chuo Kikuu cha Makerere katika hifadhi ya muziki inayobeba jina lake, kwa juhudi za Sylvia Nannyonga-Tamusuza na wenzake. Swali lililowakabili ni gumu: unapomrudishia mtu sauti ya babu yake, unamrudishia nani hasa? Chuo? Kabaka? Ukoo? Kijiji alichotoka mpigaji? Waliorekodiwa wengi walikuwa wameshakufa. Wakati wa kurekodiwa waliimba mbele ya mashine ambayo hawakuweza kujua itawapeleka wapi. Sheria ya mwaka 2006 inamfikiria mtunzi mmoja mwenye jina. Tuni ya entenga ina watu sita na vizazi kadhaa.

Maktaba ya Uingereza nayo iliweka rekodi hizo kwenye tovuti yake, na kwa miaka kadhaa mtu yeyote mwenye intaneti aliweza kuzisikiliza bila malipo. Basi mtu wa Katwe akaweza, baada ya nusu karne na zaidi, kusikia kwenye simu yake kilichokuwa kikipigwa nyuma ya ukuta wa jirani. Halafu Oktoba 2023 wadukuzi waliishambulia mitambo ya maktaba hiyo, na tovuti ya sauti ikazimika pamoja na mengine mengi. Kabati lililokuwa wazi likajifunga lenyewe.

Nilikuwa naandaa kazi ya darasani juu ya ngoma za Buganda wakati huo. Nilibofya kiungo nilichokuwa nimekiandika daftarini, kikanipeleka pasipo kitu. Nikaandika katika kundi letu la wapenzi wa muziki wa zamani, sikutarajia jibu. Baada ya nusu saa mtu nisiyemjua alinitumia faili tatu. Alikuwa amezinasa kutoka kwenye spika za kompyuta yake siku nyingi kabla, kwa simu iliyowekwa mezani. Katikati ya entenga anasikika jogoo, na mlango unaofungwa. Majina ya mafaili yalikuwa AUD na tarakimu zake. Nilimuuliza ni rekodi ipi, ya mwaka gani, nani wanapiga. Akajibu: "Ni ya ikulu. Sikiliza tu."

Nilimpelekea mjomba. Alisikiliza mpaka mwisho, akasema yule jogoo ni sawasawa na mtangazaji wa redio, kisha akatafuta kalamu.

Entenga zenyewe zimepigwa tena. James Isabirye wa Chuo Kikuu cha Kyambogo, akisaidiwa na mradi wa Singing Wells, aliwakusanya vijana wafundishwe na mzee aliyekuwa amebaki kati ya wapigaji wa ikulu, na rekodi za zamani zikawa msaada pale kumbukumbu ilipokwama. Ngoma zikachongwa upya, zikawambwa, zikalinganishwa sauti. Mimi naona hapo Katwe kabisa, ingawa hazikutengenezwa Katwe: cha zamani kimevunjika, mtu anakigeuza mkononi, jioni unapewa kipya. Wapo wanaosema kipya si kilekile, kwamba sikio la kijana aliyelelewa na redio haliwezi kupiga kama la mtu aliyelelewa na ua. Huenda. Lakini fundi wa gurudumu angewauliza kama mashine inazunguka.

Kuhusu jirani yangu, nilichelewa mwaka mzima. Nililiweka faili lake kwenye flashi, nikaandika jina lake kamili, mtaa, na mwaka aliorekodi. Kisha nikaenda kwa mama yake. Sikujua kama alishawahi kuusikia wimbo ule au alisikia tu watoto wakiuiga. Nilimweleza kwamba nimeuhifadhi, na kwamba wapo watu katika kundi wanaotaka kuuweka kwenye mtandao na picha yake, kama kumbukumbu. Aliniomba niupige. Ulipofika kwenye mguno alicheka kidogo, akasema hivyo ndivyo alivyokuwa akifanya jikoni tangu mdogo, hakuwahi kumaliza wimbo. Akauomba tena. Mara ya pili hakucheka.

Nilimuuliza kama nimwambie mwenye kundi auweke.

"Hapana, mwanangu," alisema. "Nitumie mimi."

Nikamtumia.